Nchi ya Vioo ikigoma: dalili, chanzo na tiba

Nchi ya Vioo ni ya kubuni, lakini hujengwa kwa mbao, vioo na taa halisi. Mgeni huvuka pazia, akafuata Ujia Usiokwisha, akatokea Mji wa Pembe Sita, akachungulia Kisima Kisicho na Kina, akakutana na Mgeni wa Pili anayemwibia sura, na mwisho akaketi peke yake kwenye Chumba cha Sura. Kila kituo kina kiinimacho chake, na kila kiinimacho kina namna yake ya kuharibika. Mwongozo huu ni wa vikundi vya maigizo, walimu na mafundi wa Mombasa ambao wameshaijenga nchi hiyo ukumbini, kwenye hema la maonyesho kule Mkomani au kwenye chumba cha nyumba ya Mji wa Kale, kisha mambo yakakataa.

Mara nyingi kosa haliko kwenye kioo. Ni mwanga unaopenya pasipotakiwa, au pembe iliyopotoka kwa milimita chache. Kioo ndicho kinacholaumiwa kwa kuwa ndicho kilichoko mbele ya macho, basi watu hukimbilia kununua kingine cha bei na tatizo likabaki palepale. Kagua mwanga kwanza, kisha pembe, kisha unyevu. Kioo chenyewe kiwe cha mwisho kushtakiwa.

Kipimo cha kwanza: giza

Saa sita mchana, zima taa zote za ndani, funga mapazia, kaa katikati ya chumba kwa dakika 10 mpaka macho yazoee. Chukua chaki. Kila unapoona mwanga, weka alama: chini ya mlango, kwenye tundu la msumari wa bati, kwenye mshono wa hema, kwenye kitaa kidogo cha kiyoyozi. Kila alama ni mwanga ambao vioo vitauzungusha chumba kizima.

Ziba kwa mahameli nyeusi. Ukienda kuinunua Biashara Street, usiamini jina la kitambaa: washa tochi ya simu, iweke mlalo juu ya kitambaa na uangalie kama kinameta. Satini nyeusi humeta, na ndani ya vioo huonekana kijivu. Rangi ya ukutani nayo iwe ile isiyong'aa. Wasimamizi wavae nyeusi, viatu pamoja. Msimamizi mwenye kanzu nyeupe akisimama kwenye kona ya nyuzi 60 atatokea vivuli vyake 5, na hapo nchi nzima imeshageuka chumba chenye mtu wa kanzu.

Taa ya mlango wa dharura haizimwi wala haifunikwi. Ihamishe tu ili isiwe usawa wa kioo chochote, na uipange kwenye mpito baina ya kituo na kituo.

Dalili: Ujia Usiokwisha unapinda

Umesimamisha vioo viwili vikitazamana, ukategemea kuona ujia ulionyooka, badala yake unapinda kama mkia wa samaki taa na kupotelea juu, chini au pembeni. Chanzo ni kimoja tu: vioo havitazamani sawasawa. Taswira hazijipangi kwenye mstari bali kwenye duara, na kitovu cha duara hilo kiko pale ambapo vioo vingekutana kama vingeendelezwa. Kwa hiyo ujia wenyewe unakuambia kosa liko wapi: hupinda kuelekea upande ambao vioo vimekaribiana. Ukipanda juu, vioo vimeinamiana juu.

Kosa dogo hujikusanya. Vioo vikipotoka nusu digrii, kila mzunguko wa kwenda na kurudi huongeza digrii 1 nzima, na taswira ya mzunguko wa 20 imeshageuka digrii 20. Kwenye kioo cha urefu wa mita 1.8, nusu digrii ni milimita 16 hivi pale juu. Pima-maji ya kawaida ya seremala inaweza kukupitishia kosa la namna hiyo ikiwa fupi au imechakaa.

Tiba: tupa timazi, yaani uzi wenye kizito chini, kutoka juu ya kila kioo, kisha pima umbali baina ya vioo kwenye pembe zote nne. Vipimo vyote vinne visipishane zaidi ya milimita 2. Rekebisha kwa vipande vyembamba vya plastiki nyuma ya fremu, si kwa kukaza skrubu, maana skrubu iliyokazwa kupita kiasi hukipinda kioo chenyewe na kukuzalishia tatizo jingine. Kioo cha upana wa milimita 600 kilichobenuka milimita 1 tu katikati kimeshakuwa sehemu ya tufe la nusu kipenyo cha mita 45. Kwa macho hutaliona, lakini baada ya taswira 10 nyuso zinaanza kunenepa au kukonda.

Dalili nyingine ya kituo hicho: mgeni haoni ujia, anaona kichwa chake. Vioo vikitazamana sawasawa kabisa, kichwa chako kinaziba njia. Hapa kupotoka kidogo kwa makusudi ni tiba: inamisha juu ya kioo kimoja milimita 8 hivi kuelekea mwenzake, ujia utachomoza juu ya kichwa. Njia bora kuliko hiyo ni kioo cha mbele kuwa kifupi, mgeni akatazama juu ya ukingo wake. Kwa maonyesho ya watoto tengeneza ukingo wa kimo cha sentimita 90 na uweke kijukwaa kwa walio wafupi zaidi.

Dalili: ujia unageuka kijani na kuzama gizani

Hili si kosa la ufundi, ni tabia ya kioo. Kioo cha kawaida kina chembechembe za chuma, na chuma hukipa ukijani. Mwanga huingia kwenye kioo, ukafika kwenye fedha ya nyuma, ukatoka tena, kwa hiyo kioo cha milimita 4 huupitisha kwenye milimita 8 kila unapogonga. Mara 10 ni sentimita 8 za kioo. Ukitumia cha milimita 6, ni sentimita 12. Giza nalo lina hesabu yake: kioo kizuri kinachorudisha asilimia 90 ya mwanga kitabakisha asilimia 35 baada ya kugonga mara 10, na asilimia 12 baada ya mara 20. Kioo cha bei ya chini kinachorudisha asilimia 80 kitakuachia asilimia 11 tu mara ya 10.

Basi tumia kioo cha milimita 4 kilichoegemezwa kwenye plaiwudi ya milimita 12, usitumie cha 6 ukidhani unajiongezea ubora. Taa ziwe ndani ya ujia, zikiangaza vitu vinavyorudiwa, zisiwe nje zikiangaza vioo. Rangi ya mwanga iwe ya uvuguvugu, kelvini 2700 hadi 3000, kwa sababu taa nyeupe ya ubaridi ya kelvini 6500 ndiyo inayouanika ukijani wote. Kioo chenye chuma kidogo kipo, ila ni ghali na si kila fundi anacho dukani. Kwa maonyesho ya wiki moja hakina maana. Afadhali hadithi iukubali ukijani: sema ujia unashuka chini ya bahari, na mgeni ataona ulichotaka aone.

Dalili: Mji wa Pembe Sita haufungi

Vioo viwili vilivyosimama kwa nyuzi 60 hukupa taswira 5, pamoja na kitu chenyewe ni 6, duara limekamilika. Kwa nyuzi 90 ni taswira 3, kwa 45 ni 7. Kanuni ni kugawa 360 kwa pembe, kisha kutoa 1. David Brewster wa Uskoti aliitumia kanuni hii kwenye kaleidoskopu aliyoisajili mwaka 1817, na majumba ya vioo ya Ulaya ya mwisho wa karne hiyo, kama lile lililojengwa kwa maonyesho ya Geneva ya 1896 na ambalo leo liko Luzern, yalipangwa kwa pembetatu za nyuzi 60 hizihizi.

Mji usipofunga, utaona nyumba ya nyuma imekatika nusu, au mbili zimepandana. Pembe si 60. Kosa la digrii 1 huzidishwa mara 6, na kwa umbali wa mita 1 kutoka kwenye kona ni pengo la sentimita 10 na ushei. Usipime kwa kipimapembe cha shule. Kata fito tatu za urefu mmoja, mita 1 kila mmoja, ziunganishe ncha kwa ncha: pembetatu hiyo haiwezi kuwa na pembe nyingine isipokuwa 60. Ilaze sakafuni kwenye kona, sukuma vioo viiguse, kisha rudia kwa juu. Kona ya chini ikiwa sawa na ya juu si sawa, mji utafunga sakafuni na kupasuka angani.

Ukitaka hakika, bandika utepe wa gundi sakafuni kutoka kioo hadi kioo, ukianzia umbali uleule kutoka kwenye kona. Utepe na taswira zake zitachora umbo la pembe sita. Kila kona ya umbo iwe sawa na mwenzake.

Linalowasumbua wengi ni mstari mweusi pale vioo vinapokutana. Fedha iko nyuma ya kioo, kwa hiyo unene wa milimita 4 lazima uonekane. Watu huhangaika kuuficha kwa silikoni na kuuchafua zaidi. Acha kuuficha. Weka nguzo nyembamba kila kona, za kweli na zile zisizohitajika, zote rangi moja na unene mmoja. Jicho likishaona nguzo 30 zinazofanana, halitafuti tena ile inayoziba kiungo. Boriti nyembamba za mikoko zikipakwa rangi moja zinafaa sana kwa kazi hii, ila chagua zilizonyooka na uzipige msasa.

Dalili: weusi unaotambaa kutoka ukingoni

Hapa ndipo pwani inapotuumiza, na hapa hakuna haraka. Nyuma ya kioo kuna tabaka la fedha lisilofika hata sehemu moja ya elfu ya milimita, juu yake kwenye vioo vingi kuna shaba, kisha rangi ya kulinda. Rangi hulinda uso wa nyuma vizuri. Ukingo hubaki wazi, na hapo ndipo unyevu wenye chumvi unapoingia. Utaona kwanza vidoa vya kahawia, kisha weusi unaoenda ndani kama ramani. Nyumba iliyo karibu na bahari huona haya mapema kuliko iliyo bara.

Ukaguzi uende hivi. Nusa silikoni iliyotumika. Ikinuka siki, ilitoa asidi ya asetiki wakati wa kukauka, na asidi hiyo imeshaanza kula fedha. Weusi utafuata mistari ya gundi, si ukingo. Kwa vioo nunua silikoni isiyo na asidi, na dukani soma kwenye mrija kama imeandikwa kuwa inafaa kioo cha kujitazama. Kisha uliza kilisafishwa kwa nini. Dawa ya madirisha yenye amonia ikitiririka hadi ukingo wa chini hukaa humo na kula polepole. Weusi wa chini peke yake ni dalili ya dawa au maji ya kupigia deki. Weusi wa pande zote nne ni hewa ya bahari.

Halafu tazama ukuta. Kuta za Mji wa Kale ni za matumbawe na chokaa, nazo huvuta maji kutoka ardhini na kuyatoa pamoja na chumvi. Kioo kilichobandikwa moja kwa moja kwenye ukuta huo kinakufa kwa nyuma na hutajua mpaka vidoa vitokeze katikati. Usibandike. Piga fito wima ukutani ili kubaki nafasi ya angalau sentimita 1 nyuma ya kioo, hewa iingie chini, ipande na itokee juu. Gundi nayo iwe kwa mistari ya wima, isiwe ya mlalo, maji yakipita yasipate pa kutuama. Ukingo wa chini ukae juu ya vipande vya plastiki milimita 5 hadi 10 kutoka sakafuni, viwili kwa kila kioo, kila kimoja kikiwa robo ya upana kutoka pembeni. Kabla ya kukisimamisha, pangusa kingo zote, ziache zikauke, kisha pitisha vanishi ya kinga mara mbili kwa brashi ndogo. Kazi hii ni ya nusu saa kwa kioo, na ndiyo inayotenganisha kioo kitakachovuka mvua za Mei na kile kitakachozeeka kabla ya kaskazi kurudi.

Weusi ukishaingia haufutiki. Kama haujapita sentimita 3, mpe fundi akate ukingo ulioharibika, kisha ziba kingo mpya siku hiyohiyo. Ukiwa umepita hapo, kipeleke Chumba cha Sura ambako giza na uzee wa kioo vinasaidia.

Kusafisha: kitambaa laini kilicholowa kidogo na kukamuliwa, unapaka maji kwenye kitambaa na si kwenye kioo. Maji ya kisima ya Mombasa mengi yana chumvi na huacha vidoa vyeupe. Tumia maji ya mvua au ya chupa. Alama za vidole zitolewe kila baada ya kundi, kwa kuwa alama moja ya kiganja humwonyesha mgeni uso wa kioo uko wapi na kiinimacho kinakwisha hapo. Kuwavisha wageni glavu nyepesi za pamba mlangoni kunapunguza kazi hii mno.

Dalili: ukungu

Ukungu ukitokea asubuhi kabla ya wageni, sababu ni kiyoyozi. Hewa ya nyuzijoto 30 yenye unyevu wa asilimia 75, ambayo kwetu ni ya kawaida, huanza kutoa umande ikigusa kitu chenye nyuzijoto 25 au chini. Chumba kilicholala kwenye 18 kina vioo vya baridi, mlango ukifunguliwa tu hewa ya nje inatua juu yavyo. Weka kiyoyozi 26, washa feni inayovuma sambamba na vioo, na zima kiyoyozi saa moja kabla ya kufungua. Usifute ukungu kwa mkono. Ukungu unaotokea katikati ya maonyesho ni pumzi za watu: punguza kundi au ongeza feni.

Dalili: sura inacheza na kurefuka pasipotakiwa

Kama umetumia akriliki yenye uso wa kioo kwa sababu ni nyepesi na haivunjiki ovyo, hili lilikungoja. Wepesi wake ni wa kweli: ya milimita 3 ina uzito wa kilo 3.6 kwa mita ya mraba, na kioo cha milimita 4 kina kilo 10. Lakini akriliki hutanuka kwa joto mara 7 hadi 8 kuliko kioo. Bao la mita 2.4 likipata joto nyuzi 15 zaidi, ambalo hema la bati au turubai hulipata kabla ya adhuhuri, hurefuka milimita 2.5. Likiwa limebanwa pande zote, halina pa kwenda ila kubenuka.

Toboa matundu mapana kuliko skrubu kwa milimita 3, weka washa ya mpira chini ya kichwa cha skrubu, kaza mpaka bao lisicheze kisha legeza robo mzunguko. Acha pengo la milimita 3 baina ya bao na bao. Kama bado linacheza, plaiwudi ya nyuma ndiyo imepinda; ibadilishe. Mahali ambapo taswira lazima inyooke, yaani Ujia na Mji, tumia kioo chenye karatasi ya usalama nyuma. Akriliki iende penye kupindapinda kwa makusudi.

Dalili: Kisima hakina kina

Kisima ni sanduku: chini kioo kamili, juu kioo cha kuchungulia, yaani kilichobandikwa karatasi ya kunata inayorudisha sehemu ya mwanga na kupitisha sehemu, na utepe wa LED ukizunguka kati yake. Utepe ukiwa katikati ya kina cha sentimita 6, pete moja itaonekana kila sentimita 6 kwenda chini.

Pete ni 3 au 4 tu? Karatasi ya kunata uliyoweka juu inapitisha mwanga kupita kiasi. Ikirudisha asilimia 50, pete ya 10 ina chini ya asilimia 2 ya mwanga wa kwanza. Ikirudisha 70, ina karibu 10. Pete ni nyingi lakini hafifu? Chumba cha nje kina mwanga mwingi kuliko sanduku. Kila pete ina kivuli chake pembeni? Karatasi imebandikwa upande wa nje. Ibandike upande wa ndani, unaotazama utepe, ili mwanga usipite kwenye kioo kabla ya kurudishwa.

Pete kuwa nyeupe upande mmoja na ya manjano upande wa pili ni tatizo la umeme. Utepe wa volti 12 wenye wati 14.4 kwa mita, urefu wa mita 5, unahitaji wati 72, sawa na ampea 6, na shaba nyembamba ya utepe hupoteza volti kadiri unavyoenda mbali. Lisha ncha zote mbili kutoka kwenye adapta moja, chanya kwa chanya na hasi kwa hasi. Adapta iwe ya wati 100, isiwe ya 75 inayochemka siku nzima ndani ya sanduku lililofungwa. Kwa siku ambazo umeme unakatika, betri ya ampea-saa 40 itaendesha Kisima saa 3 bila kushuka chini ya nusu. Usiunganishe utepe wakati betri inachajiwa, volti huzidi 14 na kuunguza taa.

Dalili: Mgeni wa Pili anaonekana mapema, au nyuso hazipandani

Hapa mgeni anajitazama, taa ya upande wake inafifia, ya mwigizaji aliye nyuma ya kioo cha kuchungulia inapanda, na sura yake inageuka ya mtu mwingine. Mwigizaji akionekana kabla ya wakati, upande wake una mwanga: simu mfukoni, ufa wa pazia, shati la rangi. Upande huo uwe mweusi tupu, na taa ya mgeni iwe na nguvu angalau mara 10 ya chochote kilichobaki huko nyuma.

Nyuso zikipandana vibaya, pima umbali. Taswira ya mgeni iko nyuma ya kioo kwa umbali uleule alioko mbele. Mgeni akiwa sentimita 60, mwigizaji awe sentimita 60, macho kwa kimo kimoja. Weka kiti kisichosogezeka kwa mgeni, na visanduku vya sentimita 5 vya kupandia kwa mwigizaji. Taa zibadilishane kwa sekunde 4 hivi. Zikibadilika ghafla mgeni anashtuka na kusogea.

Usipopata karatasi ya kuchungulia, kioo cha dirisha kinafanya kazi kwa mbinu aliyoionyesha John Henry Pepper jijini London mwaka 1862: kioo kisicho na rangi kimewekwa kwa nyuzi 45, mwigizaji amefichwa pembeni penye weusi. Kioo hicho hurudisha takriban moja ya kumi ya mwanga, kwa hiyo mwigizaji aangazwe kwa nguvu sana. Kivuli cha pili kitakuwepo, kwa kuwa uso wa mbele na wa nyuma vyote hurudisha: milimita 3 hivi kwa kioo cha unene wa 4, milimita 4.5 kwa cha 6. Kadiri kioo kinavyokuwa chembamba ndivyo kivuli kinavyojificha, lakini usishuke chini ya 4 kwa kioo kikubwa.

Dalili: Chumba cha Sura hakifanyi kitu, au kinafanya kupita kiasi

Chumba hiki hakina hila yoyote. Kiti, kioo cha nusu mita kwa nusu mita, umbali wa sentimita 40, taa dhaifu nyuma ya mgongo. Mtu akijikazia macho bila kuyahamisha, uso wake huanza kubadilika. Giovanni Caputo wa Chuo Kikuu cha Urbino, Italia, alieleza jambo hili mwaka 2010: katika watu 50 waliokaa dakika 10 mbele ya kioo kwa taa ya wati 25 iliyofichwa nyuma yao, asilimia 66 waliona nyuso zao zimeharibika umbo vibaya sana, na asilimia 48 waliona viumbe vya ajabu. Wengi walianza kuona chini ya dakika moja.

Isipotokea, taa ni kali. Ifunike mpaka uso uonekane lakini rangi zake zisitambulike vizuri. Isigonge kioo. Sababu ya pili ni macho kuzunguka: bandika kidoa cheupe cha milimita 5 kwenye kioo usawa wa macho, mwambie mgeni akitazame hicho tu.

Ikizidi, mgeni akitoka anatetemeka, punguza muda uwe dakika 2 na uongeze taa. Mlango usifungwe kwa komeo. Mweleze kabla hajaingia kwamba atakachokiona kinatengenezwa na macho na ubongo wake katika giza. Wako wageni wetu wanaoamini majini hukaa vioo vya gizani, na hao wana haki ya kuambiwa mapema na kupita pembeni bila kushikwa mkono wala kuchekwa. Watoto wa chini ya miaka 10 wapitishwe mlango wa pembeni moja kwa moja.

Dalili: wageni wanapata kizunguzungu au kugonga vioo

Taa zinazowakawaka ziondolewe. Zikilazimu kubaki, zisipite mara 3 kwa sekunde, kwa ajili ya wenye kifafa. Kizunguzungu kisichotokana na taa hutoka sakafuni: sakafu nyeusi inayong'aa humnyima mtu chini na juu. Tandika mkeka au jamvi lenye mistari, macho yapate pa kushika. Wanaogonga vioo wapunguzwe kasi kwa kuwaingiza watano watano.

Dalili: vioo vinawasili vimepasuka

Kioo cha mita 1.2 kwa 1.8, unene wa 4, kina kilo 21 na ushei. Husafirishwa kimesimama kwa ukingo, kimeegemea ubao, na kipande cha godoro baina ya kioo na kioo. Kikilazwa juu ya mkokoteni, kokoto moja chini yake inatosha. Ukivuka Likoni, kiwe upande wa ndani wa gari na kimefungwa kamba mbili za mlalo. Miteremko ya kuingilia feri ndiyo inayovivunja. Kioo mbonyeo, yaani kilichobonyea kwa ndani kama bakuli, kifunikwe kwa gunia hadi kiingie ukumbini: chenye nusu kipenyo cha mita 2 hukusanya jua mita 1 mbele yake, na jua la adhuhuri la Mombasa likipata kitambaa hapo, huwasha moto.